Taa za Mji Mkuu Hupitia Malaba

Mwulize mtu wa Busia ni mji mkuu gani ulio karibu naye, naye atakujibu kwamba ni Kampala. Hilo si kosa wala si uhaini. Kutoka geti la mpaka hadi Kampala ni kama kilomita 200, na kwenda Nairobi ni zaidi ya mara mbili ya hizo. Ndiyo sababu ukikaa barazani Busia au Malaba, upande wetu huu wa Kenya, na mazungumzo yakafikia habari za sikukuu na mapambo ya miji mikubwa, utasikia zaidi habari za mji mkuu wa jirani kuliko za mji mkuu wetu wenyewe.

Sisi watu wa pwani si wageni wa shughuli hii ya kwenda kutazama taa. Sultani Barghash alipojenga Beit al-Ajaib huko Unguja mwaka 1883, jumba lile likaja kuwa miongoni mwa majumba ya kwanza katika Afrika ya Mashariki kuwekwa taa za umeme, na jina lake lenyewe, Nyumba ya Maajabu, latueleza watu walilichukuliaje. Na zile pembe za ndovu za Mombasa, ambazo kila mgeni hapigwi picha ila chini yake, ziliwekwa katika miaka ya 1950 kwa ajili ya ugeni wa jamaa wa kifalme wa Uingereza. Yalikuwa mapambo ya siku chache. Wageni wakarudi kwao, mapambo yakabaki, na leo ni alama ya mji.

Mwandishi wa makala haya alivuka mpaka wa Busia alasiri ya tarehe 8 Oktoba 2025, mkesha wa siku ya uhuru wa Uganda. Tangu mwaka 2014 Mkenya huvuka pale kwa kitambulisho tu, na tangu Februari 2018, marais wa nchi mbili walipoufungua rasmi mpaka wa kituo kimoja, msafiri hagongewi mlango mara mbili. Kabla ya hapo ilikuwa ni kupanga mstari Kenya, kisha kutembea kwa miguu, kisha kupanga mstari tena Uganda. Ni mwendo ule wa miguu baina ya vituo viwili uliozaa neno ambalo sasa limeenea Afrika nzima. Vijana wa baiskeli walikuwa wakiita abiria kwa sauti, "boda, boda!", yaani kutoka mpaka hadi mpaka. Baiskeli zimekuwa pikipiki, na jina limesafiri hadi kwenye miji isiyo na mpaka wowote.

Pale getini wamejaa wabadilishaji fedha, mabunda mkononi. Hebu itazame noti ya Uganda kabla hujaitia mfukoni. Tangu toleo la mwaka 2010 noti zao zimechorwa sanamu ya mtu aliyeinua mikono juu. Tutairudia sanamu hiyo baadaye, kwani ina ujamaa na watu wa huku.

Njia ya kwenda Kampala ni Bugiri, Iganga, kisha Jinja, ambapo msafiri huvuka mto Nile. Tangu Oktoba 2018 pana daraja jipya lililoning'inizwa kwa kamba za chuma, na usiku huwashwa taa likapendeza kweli kweli. Abiria wote wa matatu walitoa simu zao wakapiga picha. Lakini mimi jicho langu lilikuwa upande wa pili, kule kwenye giza, lilipo bwawa la zamani la Owen Falls, ambalo siku hizi huitwa Nalubaale. Malkia Elizabeth alilifungua mwaka 1954, na mwaka uliofuata ukatiwa saini mkataba wa kuiuzia Kenya umeme wake. Nyaya zikavutwa kupitia Tororo, mji ulio mkabala na Malaba, zikaingia Kenya hadi Nairobi.

Hapo ndipo penye kisa, ndugu msomaji. Wakati wa kukabidhiana bendera desturi ilikuwa ni kuzima taa zote usiku wa manane, bendera ya Mwingereza ishushwe kizani ili watu wasiitazame ikidhalilika, kisha taa ziwashwe bendera mpya ikiwa juu. Ndivyo ilivyofanywa Kololo, Kampala, usiku wa kuamkia tarehe 9 Oktoba 1962, na ndivyo ilivyofanywa Nairobi usiku wa kuamkia tarehe 12 Desemba 1963. Sasa, mwaka huo wa 1963 sehemu ya umeme wa Nairobi ilikuwa ikitoka Jinja. Swichi ilikuwa yetu, na moto ulikuwa ukivuka mpaka kuja kwetu. Watu wa mpakani wakausikia kwenye redio uhuru ulioletwa kwa nyaya zilizopita juu ya mashamba yao, na wengi wao wakakaa miaka mingi baada ya hapo wakisomea kibatari.

Basi tukaingia Kampala. Bendera nyeusi, manjano na nyekundu zilikuwa zimetundikwa kwenye nguzo, na majumba ya mabenki na mahoteli yamezungushiwa vitambaa na vimulimuli vya rangi hizo hizo. Kusema kweli mapambo yalikuwa yakishindana na mabango ya wagombea, maana kampeni za uchaguzi wa Januari 2026 zilikuwa zimeshaanza, na mahali pengine usingeweza kujua kilichopambwa ni nchi au ni mtu. Sikuyapenda sana. Taa za kumetameta zikizidi humchosha mtazamaji, kama halua ikizidi sukari.

Nilichokipenda ni vile vitu ambavyo taa hizo zimewekwa kuvimulika. Pana mnara wa saa uliojengwa kwa ajili ya ziara ile ile ya Malkia ya mwaka 1954, nao ni ndugu wa pembe zetu za Mombasa, pambo la mgeni aliyeondoka. Karibu na bustani ya hoteli ya Sheraton ndipo ilipo sanamu ya uhuru, ile ya kwenye noti. Ni mama aliyefungwa kwa mikanda mwili mzima, ameinua mtoto juu kwa mikono miwili, na mtoto naye ameinua yake. Mtoto ndiyo nchi mpya. Sisi tuliolelewa vyuoni hatukufunzwa kusimama mbele ya masanamu tukayatukuza, wala sikusimama kwa nia hiyo. Nilisimama kwa sababu ya aliyelitengeneza. Jina lake ni Gregory Maloba, naye hakuwa Mganda. Alizaliwa mwaka 1922 huko Mumias, magharibi ya Kenya, si mbali na Busia. Alivuka kwenda kusoma Makerere kwa mwalimu Margaret Trowell, akapewa kazi ya kutengeneza alama ya uhuru wa Uganda mwaka 1962, kisha baadaye akarudi akafundisha Chuo Kikuu cha Nairobi. Amefariki mwaka 2007. Kwa hiyo sarafu na noti apendazo kuzihesabu mbadilishaji fedha wa Busia tangu asubuhi hadi jioni, zile za karatasi zimechorwa kazi ya mtu wa kwao, na niliowauliza pale getini hawakuwa na habari.

Jina la Mumias halikosi kumshitua Mswahili. Huko kwa Nabongo Mumia ndiko ilikokuwa kambi kubwa ya misafara yetu, mahali pa kupumzika na kununua chakula kabla ya kuingia Busoga na Buganda. Uislamu wa Mumias ulipandwa na watu hao. Na nchi yote ile, pamoja na Busia na Malaba za leo, ilihesabiwa kuwa ni Uganda hadi mwaka 1902, Mwingereza alipouhamisha mkoa mzima wa mashariki, mpaka Naivasha, akautia upande wa kwetu. Mwaka 1926 ndipo mpaka ulipoandikwa kwa kirefu, mto huu na kilima kile. Watu wa Teso na wa Samia wakajikuta mjomba yuko nchi moja na mpwa nchi ya pili.

Siku ya Ijumaa nilisali katika Msikiti wa Taifa, juu ya kilima cha Old Kampala. Idi Amin ndiye aliyeanzisha ujenzi wake katika miaka ya 1970, ukakwama miaka mingi, hata Muammar Gaddafi wa Libya akaumaliza na kuufungua mwaka 2008. Ndani pana thurea, zile taa kubwa za kuning'inia, ambazo waongozaji huwaambia wageni kwamba zilitoka Misri, na vioo vya rangi kutoka Italia. Wanawake wa kizungu wanaokuja kutembea hufungwa leso kwanza, na wengine hupendeza nazo kuliko nguo walizokuja nazo. Mnara una vidaraja 304. Nilivihesabu hadi 200, kisha magoti yakaniomba niache hesabu nishughulikie pumzi. Huko juu unauona mji wote na vilima vyake, Kibuli na msikiti wake, Namirembe na Rubaga na makanisa yake, na jioni taa zikianza kuwaka moja moja mabondeni, hapana sikukuu iliyowekwa na serikali iwezayo kupamba zaidi ya hapo.

Kilima hicho ndipo Lugard alipopiga kambi yake mwezi Desemba mwaka 1890. Vitabu vya shule humtaja yeye. Lakini mizigo yake, hema zake na baruti zake, haikuruka hewani. Ilibebwa vichwani na wapagazi Waswahili kutoka pwani, miezi minne kwa miguu. Sijui kama kuna hata jina moja la wapagazi wale lililochongwa popote mjini Kampala. Mimi sikuliona.

Nikarudi kwa njia ya Malaba, na hapo ndipo safari yangu ilipopata maana. Kati ya Busia na Malaba ni mwendo wa kama kilomita 30, lakini tabia zao mbili. Busia ni mji wa soko, wa akina mama wenye samaki na nguo na mayai, wenye kuvuka mara tatu kwa siku. Malaba ni mji wa malori. Uganda haina bahari. Sehemu kubwa ya shehena yake hushukia Kilindini, na njia kuu ya kuipeleka ni hii. Saruji, ngano, mafuta, magari, dawa, na naam, taa za mapambo pia.

Nilifika usiku, foleni ikiwa ndefu, nikaketi katika hoteli moja ya chai karibu na maegesho. Meza ya pili alikaa kijana wa Changamwe, kofia ya kiua kichwani, na taniboi wake. Tuliposalimiana na kujuana kwa mitaa, akaniuliza natoka wapi. Nikamwambia natoka Kampala kutazama taa za sikukuu. Akacheka.

"Ami, wewe watoka kuzitazama. Mimi ndio kwanza nazipeleka."

Kontena lake lilikuwa limejaa taa za mapambo, mali ya wafanyabiashara wa Kampala wanaojiandaa na Desemba, mapema hivyo. Alijua kwa kuisoma karatasi ya mzigo tu, kwani kontena lina lakiri nalo halifunguliwi njiani. Miaka saba amekuwa katika njia hii. Hajapata kuiona Kampala ikiwa imepambwa. Huingia usiku, hushusha mzigo kwenye ghala, hurudi na kontena tupu. Tangu mwaka 2014 ushuru wa mizigo ya Uganda humalizwa Mombasa kabla ya lori kuondoka, na foleni za siku nne tano zimepungua sana. Zimepungua, hazikwisha. Mtambo ukizimika, au karatasi ikikosa muhuri mmoja, dereva hulala hapo.

Idi mbili amezifanyia hapo Malaba. Akanieleza jinsi alfajiri ya Idi madereva wa pwani wanavyooga kwa maji ya mtungi nyuma ya malori, wakavaa kanzu walizozifunga kwenye mifuko ya nailoni zisiingie harufu ya dizeli, wakaenda kusali, kisha wakapigia simu nyumbani watoto waione sura ya baba. Mkono wa Idi hutumwa kwa simu. "Mtoto wangu mdogo, Ami, yeye hujua Idi ni siku ambayo baba huonekana kwenye kioo."

Kisha akaniuliza masuala ya fikihi, kwa kuwa aliona ndevu zangu zimekuwa nyeupe. Je, mtu ambaye maisha yake yote ni safari afupishe sala? Nikamwambia kwamba wanavyuoni wetu wa Kishafii walishawatazama mabaharia karne nyingi kabla ya malori, wakasema yeye aliye safarini daima bora akamilishe. Ama aliyekwama mahali akingoja haja yake, kila siku akitaraji itatimia na hajui ni lini, huyo anayo ruhusa ya kufupisha hadi siku kumi na nane. Akamgeukia taniboi wake akasema, "Wasikia? Foleni ya Malaba imo vitabuni!"

Usiku ule nikaandika ubeti huu nyuma ya risiti ya chai:

Taa yatoka mtoni, Nairobi yang'arika,
Na glopu zatoka pwani, Kampala zaning'inika,
Walio pale njiani, kiza kimewafunika,
Nuru yapita mpaka, isishuke mpakani.

Mtu wa huku akisoma ubeti huo aweza kunikasirikia, na atakuwa na haki, kwa kuwa mwaka 2024 nuru ilishuka. Tarehe 1 Juni mwaka huo sikukuu ya Madaraka ilifanyiwa Bungoma, mji ulio baina ya Malaba na Webuye, katika uwanja wa Masinde Muliro ulioandaliwa kwa ajili hiyo. Na miezi minne baadaye, tarehe 9 Oktoba 2024, serikali ya Uganda nayo ikaitoa sherehe yake ya miaka 62 ya uhuru mji mkuu ikaileta wilaya ya Busia, upande wa pili, katika viwanja vya chuo cha ualimu cha Busikho. Mwaka mmoja, nchi mbili, sikukuu mbili, zote zimekuja kwa watu wa pembeni. Gwaride, ndege, marais, bendera kila nguzo. Kama kuna mtu aliyetaka kuona miji mikuu ikipambwa, mwaka ule alingoja mlangoni kwake.

Wazee wa Busia waliona gwaride lile kwa macho mengine. Desemba 1987, siku chache baada ya sherehe za Jamhuri, bendera pengine zingali juu ya nguzo, askari wa nchi mbili walipigana risasi papo hapo mpakani. Watu wakafa, mpaka ukafungwa, na Krismasi ya mwaka ule Busia haikuwa na soko. Kabla ya hapo, mwaka 1976, Amin alikuwa ameidai nchi yote hadi Naivasha. Mama mmoja muuza samaki, mtu mzima, aliniambia kwamba kwake yeye sikukuu ni siku yoyote ambayo geti liko wazi. Mwaka 2020, kwa ajili ya korona, geti lilifungwa kwa watu likaachiwa malori peke yake, na madereva wakapimwa mmoja mmoja huku foleni ikirudi nyuma kilomita kwa makumi. Idi ya mwezi Mei mwaka ule haikusaliwa misikitini. Jamaa wa Busia moja walitakiana Idi na jamaa wa Busia ya pili kwa kupungiana mikono kutoka mbali.

Iko taa moja tu ambayo haikupitia Kilindini wala Jinja, nayo ni mwezi mwandamo. Usiku wa ishirini na tisa wa Ramadhani, watu wa Busia hizi mbili hutazama mbingu moja. Lakini tangazo la mwezi lina mpaka. Huku twamsikiliza Kadhi Mkuu, kule wamesikiliza Old Kampala, na zikitofautiana kauli, mtu aweza kuwa amefunga huku shemeji yake, hatua mia mbili mbele, akila pilau ya Idi. Nimewauliza wenyewe hufanyaje. Wakasema husikiliza kwanza, kisha hupigiana simu, kisha kila mtu hufuata nchi yake, na pilau huwekewa asiyekuwapo.

Saa kumi za usiku mwadhini aliadhini adhana ya kwanza. Foleni ilikuwa imesogea kiasi cha malori sita. Kijana wa Changamwe alitawadha kwa birika la hoteli, akatandika mswala baina ya matairi, na alfajiri ilipoingia tukasali watu wanne, yeye akitusalisha. Hajamaliza kuvuta uradi wakala wake akaja mbio na karatasi. Akakunja mswala, akanipa mkono, akapanda. Lile kontena la taa likapita chini ya nguzo ya mwisho ya Kenya, likaanza kuteremka kuelekea daraja la mto.